Coco 2, flashi ya buku na Amri ya Saba



Vijana wenzangu, leo naomba tuongee kitu ambacho tunakifanya karibu wote na hatukipeleki kwenye kitubio. Naanza na kisa cha Ijumaa iliyopita, maana bado kinanikera.

Saa nne usiku iliingia meseji kwenye grupu letu la vijana wa parokia. Picha ya yule mtoto wa Mexico na gitaa lake, na chini yake herufi kubwa: COCO 2 IMETOKA, MUVI NZIMA, BURE KABISA. Halafu linki. Kabla sijamaliza kusoma, watu walishaweka vidole gumba. "Asante mtumishi." "Barikiwa sana." Mmoja wetu, dogo wa kidato cha tatu, akabofya. Ukurasa ukamwomba namba ya simu eti kuthibitisha umri, kisha ukamwomba zile tarakimu sita zilizoingia kwa meseji. Akajaza. Kufika asubuhi WhatsApp yake iko mikononi mwa mtu mwingine, na mama yake wa ubatizo kule Muheza ameshaombwa shilingi 30,000: "Mama nipo hospitali, nitarudisha kesho." Mama wa watu akatuma.

Dogo alinipigia analia. "Kaka, mimi nilitaka katuni tu."

Sasa tuwekane sawa kwanza kuhusu hiyo katuni. Coco ya kwanza ilitoka mwaka 2017, imetengenezwa na studio ya Pixar, ambayo iko chini ya Disney, na mwaka 2018 ikachukua tuzo ya Oscar ya filamu bora ya katuni. Ya pili ilikuwa tetesi kwa miaka mingi. Machi 2025 mkuu wa Disney, Bob Iger, akatangaza kwamba kweli inatengenezwa, na kwamba imepangwa kutoka mwaka 2029. Elfu mbili ishirini na tisa! Kwa hiyo anayekupa "muvi nzima" leo anakupa kitu ambacho wachoraji wenyewe bado wanakihangaikia. Na zile trela unazoziona huko YouTube, nyingi zimeungwaungwa na mashabiki au kwa akili mnemba. Zinapendeza, lakini si zenyewe.

Mngeweza kusema: basi kaka, somo ni tusibofye linki za ovyo, tumalizie na Salamu Maria. Hapana. Dogo alibofya kwa sababu sisi wakubwa tulimzoesha kwamba muvi ni kitu cha bure. Na aliyemzoesha zaidi ni mimi. Ngoja niwaambie.

Nilichofanya mimi

Miaka miwili iliyopita, Novemba 2, siku ya Marehemu Wote, niliona wazo zuri. Mnajua Coco inahusu nini: familia inawakumbuka marehemu wake. Mtoto Miguel anapenda muziki, kwao wamepiga marufuku muziki, na usiku wa sikukuu ya marehemu anajikuta upande wa pili, kwa wafu wa ukoo wake. Nikasema hii ndiyo ya kuwaonyesha watoto wa Utoto Mtakatifu. Nikaenda steshenari moja mjini, nikatoa flashi yangu, jamaa akaniingizia Coco na nyingine tano kwa buku. Tukafunga projekta ukumbini, sabufa ikaja kwa hisani ya mlezi wetu, tukatoza jero kwa kichwa. Watoto 62 waliingia. Shilingi 31,000. Tukanunua mishumaa na mafyekeo, Jumamosi yake tukaenda kusafisha makaburi. Watu walitusifu mpaka nikavimba kichwa.

Kama hujaiona Coco, samahani, hapa naharibu kidogo. Kuna mwanamuziki maarufu mle ndani anaitwa Ernesto de la Cruz. Ana sanamu, ana jumba, nchi nzima inamwimba. Mwishoni inajulikana kwamba nyimbo zote zilizompa jina hakuzitunga yeye. Alizitunga rafiki yake Héctor. Ernesto alimuua, akachukua daftari la nyimbo, akachukua na gitaa. Héctor akasahaulika, na kwao wakamhesabu kuwa ndiye aliyewatelekeza. Watoto wetu ukumbini walipiga kelele: "Mwizi! Mwizi huyo!" Na mimi nilipiga kelele nao, huku flashi ya buku inawaka taa nyekundu pale kwenye projekta.

Sikuona kitu. Wallahi, kama wasemavyo majirani zetu hapa Tanga, sikuona kitu kabisa.

Kwaya

Wiki tatu baadaye ikaingia Novemba 22, Mtakatifu Sesilia, somo wa wanamuziki. (Kijiji cha akina Miguel kwenye muvi nacho kinaitwa Santa Cecilia, nililiona hilo baadaye.) Kwaya yetu ilikuwa imetoa DVD yake ya kwanza. Mnaowajua wanakwaya mnajua ile kazi: mazoezi jioni baada ya vibarua, michango ya kila wiki, akina mama kukaanga mihogo na samaki getini baada ya Misa ya pili, nauli ya kwenda kurekodi, video ikapigwa Raskazone ufukweni na kule Amani milimani. Waliitarajia ilipe deni la studio na ibaki ya kununua kinanda.

Baada ya Misa mwalimu wa kwaya aliniita pembeni. Mzee mpole sana yule. Akaniambia, "Mwanangu, wewe kijana unayajua haya mambo ya simu. Nisaidie. Kuna duka moja pale mjini wanaiingiza DVD yetu kwenye flashi za watu. Shilingi mia mbili. Sisi tunauza elfu tano. Tumeuza chache mno, na kila bodaboda ninayopanda inapiga wimbo wetu."

Nikawaka. "Mwalimu, huu ni wizi! Hao watu hawana hata haya! Duka gani hilo?"

Akanitajia. Ilikuwa ile ile steshenari yangu.

Ndugu zangu, someni Kitabu cha Pili cha Samweli, sura ya 12. Mfalme Daudi ameshachukua mke wa mtu na kumuua mumewe. Nabii Natani hamkemei. Anamsimulia habari ya tajiri mwenye mifugo tele aliyemchukua mwanakondoo mmoja wa maskini na kumchinjia mgeni. Daudi anawaka hasira, anaapa kwamba mtu huyo anastahili kufa na lazima alipe mara nne. Ndipo Natani anamwambia: mtu huyo ni wewe. Mwalimu wa kwaya hakunisemea hivyo, hakuwa anajua. Lakini mimi nilisikia hivyo, pale pale chini ya mwembe wa parokia.

Kanisa linasemaje?

Kwanza, Kanisa halina ugomvi na muvi. Papa Pius XI aliandika barua nzima juu ya filamu mwaka 1936, wakati hapa Tanga watu walikuwa wanakwenda sinema kwa miguu. Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulitoa hati juu ya vyombo vya mawasiliano, Inter Mirifica, Desemba 4, 1963. Hadithi nzuri ni zawadi. Yesu mwenyewe alifundisha kwa hadithi. Na ndiyo maana mwenye kuitengeneza hadithi naye anastahili ujira.

Katekisimu, namba 2408, inaeleza kwamba wizi ni kujitwalia mali ya mwingine wakati mwenyewe, kwa sababu za haki, hataki. Inaongeza kitu muhimu: mtu mwenye njaa ya kufa, asiye na njia nyingine, akitwaa chakula cha kumwokoa, huyo si mwizi. Kanisa halina moyo wa jiwe. Lakini niambie kweli, kuna mtu amewahi kuzimia kwa kukosa Coco?

Namba 2412 inagusa tunapokimbia: haki inadai kurudisha. Kutubu bila kurudisha, pale unapoweza kurudisha, hakujakamilika. Zakayo alilielewa hilo bila katekista: Luka 19, anamwambia Bwana kwamba waliodhulumiwa atawalipa mara nne.

Na sisi wa jimbo hili tuna sababu ya ziada. Kanisa Kuu letu pale Chumbageni liko chini ya Mtakatifu Antoni wa Padua. Wengi tunamkimbilia tukipoteza simu au funguo. Lakini mnajua hiyo sifa ilianzaje? Mapokeo yanasema Antoni alikuwa na kitabu chake cha Zaburi, na ndani yake ameandika maelezo yake ya kufundishia ndugu zake Wafransisko. Zama zile, karne ya 13, hakuna mashine ya kuchapa. Kitabu kinaandikwa kwa mkono. Mnovisi mmoja aliyekuwa anaacha utawa akaondoka nacho. Antoni akasali kirudi. Yule kijana akarudi, akakileta kitabu, na akarudi pia kwenye utawa.

Basi somo wetu mwenyewe aliibiwa kazi yake ya akili. Na alipoomba, Mungu alimrudishia kitabu akamrudisha na mwizi. Hilo la pili ndilo linalonipa mimi matumaini.

"Lakini kaka..."

Najua mnayotaka kusema. Nilimwambia padre yote hayo mimi mwenyewe.

*"Lakini kaka, ile kampuni ni tajiri, haitajua hata."* Kweli ni tajiri. Lakini Amri ya Saba haina mstari unaosema isipokuwa kwa matajiri. Halafu sikiliza hii. Mwaka 1939 kijana wa Kizulu, Solomon Linda, alirekodi wimbo wake Mbube kule Johannesburg. Wimbo ukazunguka dunia ukiwa na jina lingine, watu wakatajirika nao, na baadaye ukaingia hata kwenye The Lion King ya Disney. Linda alikufa mwaka 1962, maskini. Mabinti zake wakaja kudai mahakamani, na mwaka 2006 wakapata makubaliano ya kulipwa. Walishinda kwa kutumia sheria gani? Hakimiliki. Sheria hiyo tunayodhani ni ya Wazungu wenye majumba ndiyo iliyokuwa fimbo ya mabinti wa maskini. Nasi tunayo: Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, namba 7 ya mwaka 1999, na COSOTA ndiyo inayoisimamia. Mwalimu wetu wa kwaya hana ulinzi mwingine zaidi ya huo. Tukiicheka sheria hiyo kwa Disney, tunaicheka na kwake.

*"Lakini mimi ni mmoja tu."* Wa pwani wanalijua jibu. Mnakumbuka uvuvi wa baruti ulivyotutesa huku kwetu? Mtu anatupa baruti, samaki wanaelea, anajaza kapu kwa dakika kumi. Bei rahisi, kitoweo kipo. Lakini matumbawe yamevunjika, na matumbawe ndiyo nyumba ya samaki wa kesho. Kila mvuvi alijiona ni mmoja tu. Kwaya yetu mpaka leo haijarekodi DVD ya pili. Nani tena akope pesa studio? Hayo ndiyo matumbawe yetu.

*"Lakini hapa kwetu haipatikani kihalali."* Hili ndilo lenye uzito, na sitalipuuza. Ni kweli vitu vingi vinatangazwa duniani kote kisha kwetu havifiki. Inauma. Lakini kutopata si ruhusa ya kutwaa. Kuna kitu kinaitwa kusubiri, na Wakristo tumekipa majira mazima ya liturujia, yaani Majilio.

Sasa tutazameje?

Sipendi mahubiri yanayokataza halafu yanamwacha mtu njia panda. Haya ndiyo ninayofanya siku hizi.

1. Hakikisha kwanza kama muvi ipo. Nenda kwenye chaneli rasmi ya studio yenyewe. Kama tarehe ya kutoka haijafika, kila "muvi nzima" ni uongo, hakuna haja ya kuuliza grupu. Na zile tarakimu sita za simu hazitolewi kwa mtu yeyote. Hata kwangu admini.

2. Tafuta mahali penye bei. YouTube na Google hukodisha na kuuza filamu. Andika jina la muvi. Ukiona bei na kitufe cha kukodi, kwetu ipo. Usipoona, basi haipo. Netflix tunayo hapa tangu 2016. Disney+, yenye Coco ya kwanza, ilifika Afrika Kusini mwaka 2022, ila hapa Tanzania haijafunguliwa rasmi. Kuna wanaowasha VPN wajifanye wako Durban. Hapo hata ukilipa, umeingia kwa kudanganya unakokaa. Mimi nimeamua kuacha.

3. Changeni kihalali. King'amuzi cha nyumba moja ya jumuiya kikionyesha katuni nzuri Jumamosi, vijana watano mkaenda kuangalia sebuleni na karanga zenu, hamjamkosea mtu. Ukienda Dar es Salaam au Arusha kwenye kumbi za sinema, weka akiba mapema. Mimi mara moja nimekata tiketi yangu, na niliangalia mpaka majina ya mwisho. Ni mengi kweli. Kila jina ni mtu mwenye kodi ya nyumba.

4. Ukumbini ni jambo lingine. Hata DVD halisi uliyoinunua ni ya kutazama nyumbani. Kuionyesha kwa watu ukumbini, hata kama hamtozi kitu, kunahitaji ruhusa ya mwenye haki. Viongozi wenzangu wa VIWAWA na TYCS, tuulize COSOTA kabla ya kufunga projekta.

5. Angalia vya kwetu. Ubongo Kids ni katuni iliyozaliwa hapa hapa Tanzania, imeanza kurushwa mwaka 2014, iko kwenye televisheni na YouTube, bure na halali kabisa. Wadogo zenu watajifunza hesabu wakidhani wanacheza.

6. Weka kipimo. Mtakatifu Carlo Acutis, aliyetangazwa mtakatifu na Papa Leo XIV Septemba 7, 2025, alikuwa fundi wa kompyuta, na alijipangia saa moja tu ya michezo ya video kwa wiki. Pengine nusu ya wizi wetu unatokana na kutaka kuona kila kitu, leo.

Nilivyomaliza mimi

Padre alinisikiliza mpaka mwisho. Nilipomwambia "Baba, lakini ni katuni tu," akauliza, "Mlikusanya shilingi ngapi?" Nikamwambia 31,000. Akasema, "Hiyo si yako, na marehemu hawakuhitaji mishumaa ya namna hiyo." Yakaniingia. Katika Kitabu cha Pili cha Wamakabayo, sura ya 12, Yuda Makabayo anachangisha drakma za fedha ili sadaka itolewe kwa ajili ya waliokufa, na Maandiko yanamsifu. Ile ilikuwa mifuko ya watu wenyewe. Mimi nilitoa sadaka kwa mfuko wa mtu nisiyemjua.

Akanieleza kwamba mwenye mali asipofikika, kinachorudishwa kinakwenda kwa maskini. Nililipa kidogo kidogo kwa miezi mitatu kwenye mfuko wa wagonjwa wa parokia. Flashi nikaifuta yote. Nilikaa nayo mkononi robo saa kabla sijabonyeza, sitawadanganya. Kisha nikaenda kwa mwalimu wa kwaya nikanunua DVD mbili kwa elfu kumi, nikamwambia na ukweli. Alinyamaza. Baadaye akasema, "Basi mwanangu, Jumapili njoo mazoezini. Besi wako wachache." Naimba nao mpaka leo, vibaya.

Dogo wetu naye tumemchangia kwenye jumuiya, mama wa Muheza amerudishiwa 30,000 zake. Mimi ndiye niliyeanza kutoa. Nadhani mnaelewa kwa nini.

Na lile la marehemu? Muvi inasema wafu wanaishi kwa kadiri walio hai wanavyowakumbuka, na wakisahauliwa wanatoweka. Inaliza, lakini imani yetu inatupeleka mbali zaidi. Bibi yako aliyezikwa Pongwe bila hata picha hatatoweka, kwa sababu anayemkumbuka ni Mungu. Sisi tunawaombea walio toharani, na sala hiyo haihitaji bando.

Azimio la wiki: fungua simu yako, tafuta kitu kimoja ulichokitwaa bila ruhusa ya mwenyewe, kifute. Halafu nunua kazi moja ya kwaya ya parokia yako kwa bei yake kamili. Usiombe punguzo.

Tuombe. Ee Bwana Yesu, uliyefanya kazi kwa mikono yako karakanani Nazareti, utufundishe kuheshimu jasho la wenzetu. Utusamehe tuliyoyatwaa tukayaita ya bure. Uwape ujira wao wanaotuimbia na kutuchorea, na uwape marehemu wetu raha ya milele. Mtakatifu Antoni, uliyeibiwa ukamwombea mwizi, utuombee. Mtakatifu Sesilia, utuombee. Mtakatifu Carlo, utuombee. Amina.

Na mtu akituma tena linki ya Coco 2 kwenye grupu kabla ya 2029, nitamfuata inbox kwa upendo, na nitamwomba asome hii.